Kupiga teke rahisi, kurudisha mguu ndiyo kazi!

MSOMAJI wangu, nikuulize kidogo. Enzi zako si ulikuwa ukitoka kwenye kibanda cha video kumwangalia Bruce Lee, basi njia nzima unarusha mateke hewani? Mimi nilikuwa bingwa. Siku moja nikarusha teke la nguvu. Mguu ulikwenda vizuri sana, kurudi ndiyo ikawa kasheshe: chali, mbele ya wasichana waliokuwa wakichota maji! Mpaka leo goti la kulia likisikia mvua linanikumbusha.

Sasa juzi nimemkuta mwanangu uani. Yeye yuko kwenye kikundi cha maigizo. Ananyanyua mguu taratibu kama kinyonga, anaushusha taratibu, anaanza upya. Saa nzima! Nikamuuliza, "Wewe, hilo ni igizo au umepandisha mashetani?"

Nilikuwa nimeshapanga kumwambia siku hiyo hiyo aachane na kikundi, atafute kazi ya maana. Lakini hakukasirika. Akasema, "Baba, kaa kwanza uangalie kitu," akaniwekea filamu.

Ni ya mwaka 1948, haina rangi, haifiki hata robo saa. Inaitwa Meditation on Violence. Aliyeitengeneza ni mama mmoja, Maya Deren, mzaliwa wa Kiev aliyehamia Marekani akiwa mtoto. Aliwahi kuwa msaidizi wa mcheza dansi maarufu Katherine Dunham, ndiyo maana jicho lake lilikuwa kwenye miili ya watu kuliko kwenye maneno. Baba yake alipofariki, alichukua fedha za urithi akanunua kamera ya mtumba. Mwaka 1945 alishatoa filamu ambamo mcheza dansi Talley Beatty ananyanyua mguu msituni, anautua ndani ya nyumba!

Hii ya 1948 yumo kijana wa Kichina, Chao-Li Chi. Hakuna adui, hakuna damu, hakuna wa kulipiziwa kisasi. Hasemi neno. Unasikia filimbi ya Kichina na ngoma za Haiti tu. Anaanza na mtindo laini wa Wu Tang, mwili unazunguka kama maji. Anaingia Shaolin, makali yanaongezeka, mara kashika upanga. Kisha ule ulaini wa mwanzo unarudi, filamu inakwisha.

"Umeona nini?" mwanangu akaniuliza.

"Nimeona jamaa anafanya mazoezi."

Akacheka. Kumbe sehemu ile ya mwisho filamu imepelekwa kinyumenyume! Nikabisha. Tukarudia. Jamani, ni kweli, na hata baada ya kuambiwa bado macho yangu yalikataa.

Hebu fikiria. Mtu akupige picha za video ukishuka kwenye daladala, kisha azirudishe nyuma. Mtaa mzima utacheka, kwa sababu sisi tunaanguka kidogo kila hatua halafu tunajidaka. Chi hajidaki. Popote utakapomsimamisha, uzito wake uko mahali pake, kwa hiyo kwenda na kurudi kwake ni kitu kimoja. Mama Deren aliigeuza kamera kuwa mizani, akaupima mwili wa mtu.

Hapo ndipo nilipoelewa saa nzima ya mwanangu. Mimi nilijifunza teke. Yeye anajifunza njia ya kwenda na njia ya kurudi, ili akipanda jukwaani bila neno hata moja, watu wamwamini.

Yale maneno yangu ya kazi ya maana yakanikwama kooni. Nikameza mate, nikamwambia aendelee, ila asisahau kuteka maji.

Jioni, watu wakiwa ndani, nami nikajaribu. Nikashika ukuta, nikanyanyua mguu taratibu. Kwenda ulikwenda. Kurudi nilimwita mke wangu.

Tukijaaliwa, wiki ijayo.