Babu wa miaka 17 na dada wa juzi: nani mkubwa?

Jamani, kuna kasheshe moja niliishuhudia kazini, nikiikumbuka nacheka, halafu nanyamaza.

Nilikuwa masjala ya ofisi moja ya serikali, jina naliweka kapuni. Mkuu wa masjala akastaafu, kiti kikawa wazi. Nani akaimu? Sote tulijua jibu: Babu! Yule mzee ukimwuliza faili la mwaka uliozaliwa wewe, anafumba macho, ananyoosha kidole, ukienda unalikuta.

Ijumaa barua ikatoka. Anakaimu dada mmoja mchapakazi, ila kwetu sisi alikuwa wa juzi tu. Lahaula! Babu akavua miwani, akaiweka mezani, akatoka kwenda kwa afisa utumishi bila hata kufunga mlango.

Afisa akafungua Tange. Kama huijui, Tange ni ile orodha ya watumishi kwa ukubwa kazini. Dada namba 4, Babu namba 9. Zile namba ndizo zilizommaliza mzee wa watu.

Unajua ilikuwaje? Babu alipiga kibarua miaka 17. Analipwa kwa siku, anasaini vocha, na kila baada ya miezi mitatu anaambiwa "pumzika kidogo", wiki moja, halafu anaitwa tena. Alipopewa barua ya ajira ya kudumu, ukubwa wake ukaanza kuhesabiwa siku ile ile. Dada alikuwa na barua yake miaka mitatu kabla.

Ofisi ikagawanyika kama Simba na Yanga. Mimi nikiwa upande wa Babu, mpaka dada aliponibana wakati wa chai. "Kaka, mimi niliona tangazo, nikaomba, nikakaa kwenye usaili na watu kibao. Sikumwibia mtu. Kosa langu nini?" Nikakosa jibu, nikaongeza sukari kwenye chai iliyokwishakolea.

Wala si sisi tu. Huko India wahandisi wa serikali wa jimbo la Maharashtra waligombea jambo hili hili hadi Mahakama ya Juu. Mei 2, 1990 majaji watano wakatoa uamuzi. Wakasema, aliyeajiriwa kwa kufuata kanuni, ukubwa wake unaanza siku aliyoajiriwa, wala hasubiri siku ya kuthibitishwa. Aliyewekwa kuziba pengo tu bila kanuni, muda ule hauhesabiwi. Lakini aliyeingia bila utaratibu kukamilika, akaendelea kwenye nafasi ile bila kukatika hadi akarasimishwa kwa mujibu wa kanuni, muda wake uhesabiwe.

Uamuzi wa India haumlazimishi mtu hapa kwetu, lakini lile neno "bila kukatika" lilinichoma. Maana zile wiki moja moja za Babu hakuziomba yeye! Alipewa.

Sasa usidhani ugomvi ulikuwa wa kiti na ufunguo tu. Kaa nikupe hesabu. Babu alipopata barua alikuwa na miaka 48. Ilibidi aombewe kibali, maana matangazo ya ajira za serikali yanataka mtu asiyezidi 45. Kustaafu kwa lazima ni 60. Toa mwenyewe: miaka 12, yaani miezi 144. Ili mtumishi wa umma alipwe pensheni ya kila mwezi, anatakiwa awe amechangia kwenye mfuko miezi isiyopungua 180. Babu anapungukiwa na 36! Atalipwa mkupuo mmoja, basi, kwaheri. Na wakati wa kibarua hakukatwa hata senti kwenda kwenye mfuko wowote.

Mtu kafanya kazi pale miaka 29, uzeeni anahesabiwa 12. Hiyo nayo ni haki?

Ndiyo maana nawaambia washkaji mnaojitolea mashuleni, kwenye zahanati na maofisini mkisubiri "mchongo" utiki: bidii peke yake haiingii kwenye Tange. Kinachoingia ni karatasi. Omba barua hata kama ni ya kujitolea, yenye tarehe na muhuri. Tunza nakala za vocha. Ukipewa mkataba, uliza michango inakwenda mfuko gani. Ukiambiwa "pumzika wiki", omba iandikwe nani kakupumzisha. Na siku ukipata barua ya kudumu, usikimbilie kununua soda. Soma kwanza tarehe ya kuanza, ukiona haikai sawa uliza siku ile ile. Babu yeye aliiweka kabatini kwa furaha, akaja kuisoma vizuri siku ya ugomvi.

Rufaa aliandika, nami nilimpigia chapa. Jibu likaja mistari miwili: ukubwa unabaki kama ulivyo.

Jumatatu yake Babu akaja mapema kama kawaida. Dada akamwamkia, "Shikamoo Babu." Kimya. Masjala nzima tukashika kalamu bila kuandika. Mzee akaitikia "Marahaba," akachomoa funguo mfukoni, akazihesabu moja moja, akampa.

"Huu wa kabati la mwisho unagoma," akamwambia. "Unausukuma kwanza, ndipo unazungusha."

Tukutane wiki ijayo, panapo majaliwa.