Gereza Si Hukumu: Watawa wa Maskati na Kumbukumbu ya Mswahili

Ipo hoja inayopendwa mno na waandishi wa historia ya pwani. Inasema kwamba Waswahili, kwa kejeli yao ya kimyakimya, walilitwaa neno la Kireno *igreja*, yaani kanisa, wakaliita kwalo jela, na hivyo wakaihukumu dini ya mvamizi kwa neno moja tu: gereza. Hoja hii hurudiwa madarasani na mabarazani, na kila anayeirudia hutabasamu kana kwamba ameigundua yeye. Ni hoja tamu. Kasoro yake ni kwamba haisimami, na ubaya wake ni kwamba imewazoesha wasomi kuridhika na utani pale palipohitajika uchunguzi.

Ushahidi wa kwanza dhidi yake uko Maskati. Mji huo uliangukia mikononi mwa Wareno mwaka 1507, pale Afonso de Albuquerque alipouvamia na kuuchoma moto. Baada ya Hormuz kuwaponyoka mwaka 1622, Maskati ndiyo iliyokuwa tegemeo lao kuu katika maji yale. Ngome za Jalali na Mirani ziliulinda mlango wa bandari, na mjini watawa wa Shirika la Mtakatifu Augustino walikuwa na kanisa lao. Januari 1650 majeshi ya Imamu Sultan bin Saif Al-Yaarubi yaliutwaa mji. Watawa wakaondoka, kuta zikabaki. Carsten Niebuhr, msafiri aliyefika huko mwaka 1765, aliyakuta makanisa mawili ya Wareno yakiwa na kazi mpya: moja ghala, la pili makazi ya liwali. Na mpaka leo, ndani ya Maskati ya kale, ipo nyumba ya fahari ya karne ya 19 iitwayo Bait Graiza. Hiyo *graiza* ni *igreja* ileile. Ikiwa jina hili ni hukumu juu ya dini, basi ni hukumu ya ajabu, kwani Maskati mshtakiwa alipewa jumba.

Ushahidi wa pili uko pwani yenyewe. Unguja, Wareno walijenga kanisa ufukweni. Baada yao Waomani wakajenga Ngome Kongwe mahali hapohapo, na baadhi ya kuta za kanisa zikamezwa na kuta za ngome. Kilwa Kisiwani, ngome iliyoanzishwa na Wareno mwaka 1505 na kujengwa upya na Waomani huitwa Gereza hadi leo, na aitajaye jina hilo hamaanishi jela. Njia ya neno inaonekana wazi: kutoka kanisa kwenda kwenye jengo la mawe la Mreno, kutoka hapo kwenda kwenye ngome yoyote, na mwisho kwenda kwenye jambo ambalo watawala wa zama zote wamelifanya ndani ya ngome, yaani kufunga watu. Fort Jesus ya Mombasa ilifanywa jela na Waingereza kuanzia mwaka 1895 hadi 1958. Jalali nayo ilikuwa jela ya kuogopwa hadi miaka ya 1970. Aliyeligeuza neno si mshairi mwenye kinyongo na misa. Ni mtawala aliyehitaji kuta nene.

Kama hilo halitoshi, na liulizwe swali jepesi. Neno *padri* limetoka kwa Wareno haohao, katika safari hiyohiyo. Mbona halikuwa jina la askari wa jela? Na mahali pa ibada pa Mkristo pakaitwa *kanisa*, neno la Kiarabu, lililoletwa na lugha ya Waislamu. Lugha iliyoamua kulaani haigawi majina kwa ukarimu wa namna hiyo.

Huenda msomaji akauliza: etimolojia ya neno moja ina uzito gani? Uzito wake ni kwamba juu ya kosa hili dogo zimejengwa simulizi mbili kubwa, zinazochukiana hadharani na kutegemeana kwa siri. Ya kwanza ni ya wanaoitukuza Oman: kwamba upanga wa Yaarubi uliwafuta watawa na kuisafisha bahari, Maskati mwaka 1650 na Mombasa mwaka 1698. Ya pili ni ya baadhi ya waandishi wa Kikatoliki: kwamba Kanisa la pwani liliuawa na Mwarabu, likalala kaburini hadi wamisionari wa karne ya 19 walipolifufua. Wote wawili wamekubaliana juu ya mwuaji. Tofauti yao ni kwamba mmoja anampigia makofi na mwingine anamlaani.

Mwuaji huyo alikuwa na kalamu, na alikaa Lisbon. Kupoteza Maskati na Mombasa kuliwanyang'anya Waagustino vituo, lakini shirika lao liliendelea Goa na Ureno kwa zaidi ya karne nzima. Kilichowavunja katika milki yote ya Ureno ni amri ya mwishoni mwa Mei 1834, baada ya ushindi wa waliberali katika vita vya wenyewe kwa wenyewe. Waziri Joaquim António de Aguiar alizifuta nyumba zote za watawa wa kiume na kuzifanya mali zao kuwa za dola. Watu wakampachika jina la Mata-Frades, Mwua-Watawa. Aguiar alizaliwa katika nchi ya Kikatoliki na aliitumikia dola ya Kikatoliki. Mwaka 1835 konventi kuu ya Waagustino ya Goa, ambamo ndimo walimotumwa watawa wa Mombasa, ilihamwa. Kanisa lake likaporomoka, na leo kinachosimama ni kipande cha mnara. Fort Jesus wakati huo ilikuwa ya Wamazrui, wakivutana na Sayyid Said. Hakuna Mwarabu wa upande wowote aliyeombwa ushauri na Lisbon.

Tena si Ureno peke yake. Shirika la Roho Mtakatifu lilifutwa Ufaransa mwaka 1792 pamoja na mashirika mengine, na Mapinduzi yale yale yaliyotangaza uhuru. Lilinusurika, likajipanga upya, na mwaka 1863 mapadri wake wakafika Unguja. Aliyekuwa akitawala ni Sayyid Majid, mjukuu wa watawala wa Maskati. Mwaka 1868 walianza Bagamoyo, ndani ya himaya yake na kwa ridhaa yake. Kutoka kwao akapatikana Charles Sacleux, aliyewaachia Waswahili mojawapo ya kamusi kubwa kuliko zote za lugha yao, iliyochapwa Paris mwaka 1939 na 1941. Leo, mtaa wa Ruwi mjini Maskati, Wakatoliki husali katika kanisa la Watakatifu Petro na Paulo, katika ardhi iliyotolewa na Sultan Qaboos, chini ya vikariati iliyokabidhiwa Wakapuchini. Anayetaka simulizi ya Mwarabu mfuta-watawa itambidi ayafumbie macho yote haya.

Haya hayawasafishi Waagustino. Walikuja chini ya bendera yenye mizinga, wakala chakula cha ushuru wa bandari, na mfalme wa Ureno ndiye aliyekuwa mlezi wao. Mkasa wa Yusuf bin Hasan wautosha ushahidi. Baba yake, mfalme wa Mombasa, aliuawa kwa njama ya Wareno. Mtoto akachukuliwa Goa, akalelewa na Waagustino, akabatizwa Dom Jerónimo Chingulia, akarudishwa kukalia kiti cha baba yake kwa masharti ya waliomuua. Agosti 1631 alimuua kapteni ndani ya Fort Jesus, akarudi katika Uislamu, na Wakristo wapatao 300 wakauawa, watawa wakiwamo. Mtu akimwita Chingulia shujaa ana sababu zake.

Lakini hapa ndipo simulizi zote mbili zinapoaibika. Wengi wa waliokufa hawakuwa Wareno. Walikuwa Waafrika, wake kwa waume, wakazi wa Mombasa, na miongoni mwao wapo waliopewa nafasi ya kuiacha dini wakakataa. Kanisa la Goa lilikusanya ushahidi juu yao mwaka uliofuata, kisha likawaweka kwenye makabati. Mtukuzaji wa Yaarubi hawataji, kwa kuwa kwake Mkristo wa karne ya 17 lazima awe mgeni. Mwandishi wa misheni huwataja kwa haraka, kwa kuwa kwake Ukristo wa Mwafrika huanzia Bagamoyo. Wamefutwa mara mbili, na mara zote mbili wamefutwa na wasomi.

Wanaopaswa kuliona hili mapema kuliko wengine ni Waswahili wa Maskati. Familia nyingi zilizokimbia Unguja mwaka 1964, na zile zilizoitikia wito wa kurudi baada ya 1970, zinajua uchungu wa kuambiwa kwamba hazikuwa za pale zilipotoka, na baadaye kutazamwa kwa jicho la pembeni pale zilipofika. Anayejua uchungu huo hana budi kuikataa historia inayochagua nani alikuwa mwenyeji kwa kuangalia dini yake au nasaba yake. Anayezungumza lugha yenye *gereza* na *padri*, *kanisa* na *liwali*, hawezi kudai kwamba pwani yake ilikuwa ya kabila moja la kumbukumbu.

Shirika lililofutwa kwa sahihi moja Lisbon halikufa. Leo wapo Waagustino Kenya na Tanzania, na miongoni mwao wazaliwa wa nchi hizo, wasiotumwa na mfalme yeyote. Hao wameshapata wa kuwasemea. Wale wa Mombasa wa mwaka 1631 bado. Kazi ya mwanahistoria wa Kiswahili ni kuwatoa kabatini kabla ya kurudia tena ule utani wa gereza.