Binti wa mikate na hesabu za London

Filamu ya Eye in the Sky, iliyoongozwa na Gavin Hood na kuonyeshwa mara ya kwanza mwaka 2015, inasimulia mkasa wa Nairobi, ingawa ilipigwa Afrika Kusini. Wafuasi wa Al-Shabaab wanavaa fulana za mabomu ndani ya nyumba moja. Nje ya ukuta, binti mdogo anauza mikate.

Anayeirusha ndege isiyo na rubani yuko Nevada, mawaziri wako London. Kanali wa Uingereza anataka uwezekano wa binti huyo kufa ukadiriwe chini ya asilimia 50, naye anamshinikiza msaidizi wake mpaka tarakimu inayofaa ipatikane. Hapo ndipo filamu inapouma: hakuna anayedanganya waziwazi, wala hakuna anayetoka akiwa safi.

Wenyeji wamo, tena mashujaa. Mpelelezi anayeigizwa na Barkhad Abdi anahatarisha roho yake akinunua mikate yote ili binti aondoke. Lakini katika chumba cha uamuzi hamna waziri hata mmoja wa Kenya. Nairobi inapigwa kombora huku wenyewe wakingoja amri ya wengine.

Gillo Pontecorvo, katika filamu yake ya mwaka 1966 kuhusu vita vya Algiers, hakuwaondolea Waalgeria mzigo huo. Mwanamke anayetega bomu mkahawani anawatazama watakaokufa, akiwamo mtoto anayelamba aiskrimu, kisha analiacha bomu na kuondoka.