Kamera nazo zifike Nyakitonto

Olimpiki ya 1968, Mexico City, John Stephen Akhwari alimaliza marathoni wa mwisho, mguu umefungwa bandeji, zaidi ya saa moja nyuma ya bingwa Mamo Wolde. Dunia inamkumbuka kwa sababu kamera za filamu zilikuwepo. Bila picha zile angebaki namba 57 kwenye matokeo, basi.

Wacheza sketibodi, ule ubao wa magurudumu, wanalijua hilo siku nyingi: video ndiyo inawatafutia wadhamini. Soka la vijijini bado ni la kusimuliana. Dogo anapiga chenga kule Nyakitonto, Kigoma, nani kamuona? Viongozi wa soka wilayani, simu janja mnazo. Rekodini mechi za vijana, mzitunze. Hakuna timu inayosajili hadithi.