Eti Haina Kichwa wala Miguu!

Kuna neno limezoeleka mno katika mikusanyiko yetu huku ughaibuni. Kijana akituonyesha filamu yake fupi, ikarudi nyuma, ikaruka mbele, mtu mmoja akawa wawili, basi watu wazima huguna: "Haina kichwa wala miguu. Mambo ya kizungu hayo." Kisha humshauri atengeneze nyingine yenye mafunzo.

Ushauri huo ni mbovu.

Chukueni Meshes of the Afternoon, filamu ya dakika kama 14 waliyoitengeneza Maya Deren na mumewe Alexander Hammid mwaka 1943 huko Los Angeles. Mwanamke anasinzia kitini mchana. Anajiona akirudi njia ile ile, akimfuata mtu aliyejitanda nguo nyeusi, mwenye kioo mahali pa uso. Kila anaporudi, kuna kitu kimebadilika. Ufunguo unatoka kinywani, unageuka kisu. Hatimaye wako watatu mezani, na wote ni yeye yule yule. Mmoja anainuka na kisu: hatua ya kwanza anakanyaga mchanga wa ufukweni, ya nne anakanyaga zulia la nyumbani. Hiyo ndiyo fujo? Ondoeni ufunguo mmoja tu muone kama itasimama!

Na hilo la "mambo ya kizungu" ndilo linaloniudhi zaidi. Euphrase Kezilahabi, mtu wa Ukerewe, alitoa Nagona mwaka 1990 na Mzingile mwaka 1991, kwa Kiswahili hiki hiki, riwaya zinazokwenda kama ndoto. Naye alikuwa mzungu?

Wapo wababaishaji, sikatai. Wanakatakata picha ovyo, wakiulizwa wanajibu kwamba hatujaelewa. Hao wabanwe, lakini kwa swali lenye maana: picha hii imerudi kwa nini, na safari hii imebadilika nini? "Fundisho liko wapi" ni swali la mwalimu wa darasa la pili.

Mtoto aliyekulia London huota nyumba ya bibi yake aliyoiona mara moja tu, ukumbi wa kule, jiko la huku, na marehemu babu anapanda basi la Lewisham. Hayo ndiyo aliyonayo. Leo tunamtaka ayanyooshe yawe na mwanzo, kati na mwisho, ili sisi tusisumbuke!

Akituletea filamu nyingine, taa zizimwe, simu zizimwe, na iangaliwe mara mbili kabla mtu yeyote hajapewa kipaza sauti.