Mshahara Uliotokana na Msiba ni wa Nani?

Nchini India, mtumishi wa serikali akifa kabla ya kustaafu, mmoja wa wategemezi wake aweza kupewa kazi pasipo kushindana na mtu. Huitwa ajira ya huruma. Katika serikali kuu nafasi hizo hazizidi asilimia 5 ya ajira mpya za kada ya chini. Kwa kawaida huajiriwa mjane mwenyewe au mtoto wa marehemu, na waliosalia nyumbani hubaki wakiutazama mkono wake.

Nashikilia kwamba aliyepewa kazi hiyo ana deni kwa hao waliosalia, na deni hilo lilipwe kabla mshahara haujafika mfukoni mwake.

Wako watakaobisha kwamba mshahara ni jasho la mfanyakazi, si mirathi ya marehemu. Naam, si mirathi. Lakini na tuulize, huyu aliingia kazini kwa mlango upi? Ibara ya 14 na ya 16 za Katiba ya India zinadai usawa, na vijana wasio na idadi hukesha wakijiandaa kwa mitihani ya kuwania nafasi hizo hizo. Mwaka 1994, katika shauri la Umesh Kumar Nagpal dhidi ya Jimbo la Haryana, Mahakama ya Juu ilieleza kwamba ajira hii si haki ya kurithishana. Uhalali wake ni kuiwezesha familia kuvuka dhiki ya ghafla. Familia, si mtu mmoja. Aliyeajiriwa akiitupa familia hiyo, atamwambia nini kijana aliyekosa nafasi kwa ajili yake?

Serikali yenyewe ililiona jambo hili. Mwongozo wake wa mwaka 1998 unamtaka mwajiriwa atie saini ahadi ya kuwatunza wote waliomtegemea marehemu. Ikithibitika kuwa amewatelekeza, aweza kuachishwa kazi mara moja. Ukali wa maandishi! Hebu fikirini mama mjane aliyeridhia nafasi apewe mwanawe, na mwana akaoa, akahama, akasahau njia ya nyumbani. Mama akilalamika, mwana akafukuzwa, mama atakula nini? Chungu kimevunjwa na mwenye njaa ni yeye. Adhabu inayomwangukia mlalamikaji hufundisha kunyamaza tu, na mwana analijua hilo vizuri kuliko afisa utumishi.

Mama huyo walau ana pa kwenda. Anaweza kudai matunzo kwa hakimu chini ya kifungu cha 125 cha sheria ya zamani ya mwenendo wa jinai, ambacho sasa ni kifungu cha 144 cha sheria mpya iliyoanza kutumika tarehe 1 Julai 2024. Ipo pia sheria ya mwaka 2007 ya wazazi na wazee, ingawa kiwango chake cha juu ni rupia 10,000 kwa mwezi. Lakini vipi mjane mzee aliyefiwa na mwanawe wa pekee, kazi ya marehemu ikaenda kwa mkwe? Kifungu kile kinataja mke, watoto na wazazi. Mama mkwe hamo. Kilichobaki kwake ni ile ahadi iliyolala kwenye faili.

Sisemi binti wa watu aporwe mshahara na wakwe. Naye ni mjane, huenda ana watoto wadogo, na wakwe wenye tamaa hawajaisha duniani. Kwa hiyo fungu la mzee lipangwe na mamlaka, kwa kupima mahitaji ya pande zote mbili. Mwongozo unamruhusu mjane aliyeajiriwa kubaki kazini hata akiolewa tena, nami naunga mkono. Ila ndoa mpya isiyomwondolea kazi isimwondolee na ahadi iliyompa kazi hiyo.

Watumishi mnaonisoma hamhitaji kuelezwa habari za makato. Hapa Tanzania Bodi ya Mikopo hukata asilimia 15 ya mshahara wa mnufaika kila mwezi, haimsubiri akumbuke wala haimfukuzishi kazi ili alipe. Ofisi ya India inayo ahadi yenye saini, inayo majina ya wategemezi, inao mshahara wenyewe mkononi. Na iongeze mstari mmoja kwenye hati ya mshahara, wenye namba ya akaunti ya mjane.