Mtoto wa Naomi na nyumba za Tarime

Fungua Biblia yako Ruthu sura ya nne. Ruthu amejifungua, lakini majirani wanasema mtoto amezaliwa kwa Naomi, bibi mjane aliyerudi Bethlehemu bila mume wala wana. Ndiye Obedi, babu yake Daudi.

Msomaji wa Tarime au Serengeti hahitaji mhubiri wa kumfafanulia. Wakurya wanayo nyumba ntobhu. Mama asiye na mtoto wa kiume, mara nyingi mjane, hutoa ng'ombe wa mahari akaoa binti. Binti huzaa na mwanamume, na watoto huhesabiwa wa nyumba ya yule mama, wakarithi boma na shamba lake. Wawili hao hawaishi kama mke na mume kitandani. Ni njia ya kuzuia nyumba isifutike, maana kimila urithi ulifuata wana wa kiume.

Wageni wakisikia habari hii huandika kwamba wanawake wanaoana, basi. Nasi kanisani tunasikia neno hilohilo, tunafunga mlango. Bibi mwenyewe hakuulizwa na yeyote.

Filamu inaweza kumuuliza. Mwaka 2018 Giselle Portenier wa Canada alitoa In the Name of Your Daughter, kuhusu wasichana wa Serengeti waliokimbia ukeketaji wakapokewa na Rhobi Samwelly pale Mugumu. Nguvu yake ni kwamba wasichana wanajisemea. Kule Kenya, I Am Samuel ya Peter Murimi, inayomfuata kijana wa mhubiri anayempenda mwanamume mwenzake, ilipigwa marufuku mwaka 2021. Hiyo si habari ya nyumba ntobhu, na wasomaji wangu wengi hawataikubali. Ila marufuku haikuifanya familia ile isiwepo.

Vijana wa kwaya zetu wanajua kurekodi video za nyimbo, tena nzuri. Waende na simu zao wakakae na bibi hao, bila kuhubiri kwanza.

Wakae na binti pia, tena peke yake. Sheria ya Ndoa ya 1971 inaitambua ndoa ya mwanamume na mwanamke tu. Bibi akifariki, shemeji wakaja kudai shamba, binti hana cheti cha kuonyesha. Wapo waliotolewa na baba zao kwa sababu ya ng'ombe. Rudi kwenye sura ile ya nne uhesabu: wazee wa mji wanasema, Boazi anasema, wanawake wa jirani wanasema. Ruthu hasemi neno.

Bibi wa nyumba ya namna hii anayeishi karibu na kanisa lako akifariki kabla ya mavuno, nani atajua ng'ombe walikuwa wangapi, na kama binti siku ile alicheka au alilia?